Muulize Bwana Shamba: Machungwa ya Damu Yasiyo na Damu

SWALI: Ndugu Bwana Shamba, salamu kutoka Igombe, Ilemela. Mimi ni mwalimu mstaafu na shamba langu linashuka hadi karibu na ziwa. Miaka mitano iliyopita nilinunua miche mitatu ya kubebesha (yaani iliyounganishwa juu ya shina la mti mwingine) kwa muuzaji aliyenihakikishia kuwa ni michungwa ya damu, yaani ile ambayo tunda lake ni jekundu ndani. Msimu huu imezaa vizuri na matunda ni matamu, lakini ndani ni ya manjano kama machungwa ya Ukerewe, na ganda nalo limebaki la kijani. Jirani yangu anasema nimetapeliwa, niing'oe. Je, niing'oe? Na kama nataka tunda la jamii hii lisilo la kawaida huku kwetu, nipande lipi?

JIBU: Mzee wangu, shikamoo. Panga liweke chini kwanza. Mchungwa wa damu halisi ukipandwa kando ya ziwa letu huzaa tunda la manjano ndani, na huenda muuzaji hana kosa lolote isipokuwa kutokukueleza jambo hilo kabla hajapokea fedha zako.

Wekundu wa chungwa la damu hutokana na rangi iitwayo anthosianini, ambayo ni ya jamii moja na rangi ya rozela na zambarau, na mti huu huitengeneza pale tu tunda linapopigwa na baridi ya usiku likiwa linakaribia kuiva. Ndiyo maana machungwa hayo yamepata sifa katika kisiwa cha Sicily, kwenye miteremko ya mlima Etna, ambako mchana wa majira ya baridi huwa na jua na usiku huwa wa baridi kali. Sisi tuko zaidi ya mita 1,100 juu ya usawa wa bahari, lakini ziwa hutunza joto la mchana na kuturudishia usiku, kwa hiyo usiku wa Mwanza kwa kawaida hauteremki chini ya nyuzi 15 za Selsiasi. Sababu hiyo hiyo ndiyo inayoacha ganda likiwa la kijani, kwani ukijani wa ganda huondoka kwa baridi, wala haumaanishi kwamba tunda ni bichi. Machungwa ya Muheza huliwa ya kijani na hakuna anayelalamika.

Unaweza kumjaribu muuzaji wako bila kumpeleka popote. Chuma matunda sita yaliyoiva, yasiyo na jeraha, uyaweke ndani ya friji mahali pasipo na baridi kali sana, yaani nyuzi 8 hadi 10 hivi, kisha ukate moja kila wiki kwa muda wa wiki sita. Chungwa la damu huendelea kutengeneza rangi hata baada ya kuchumwa, mradi lipate baridi. Ukiona michirizi myekundu ikianza kujitokeza, jirani yako amekosea. Yakibaki ya manjano hadi mwisho, atakuwa na hoja, ingawa hata hivyo sioni sababu ya kung'oa mti wenye tunda tamu.

Sasa, kama unachotafuta ni wekundu, panda balungi jekundu. Rangi yake ni laikopeni, ile ile ya nyanya na tikiti maji, nayo hustawi kwa joto. Aina iitwayo Ruby Red iligunduliwa Texas mwaka 1929, na huko si nchi ya baridi. Joto la usiku pia hupunguza ukali wa balungi, kwa hiyo balungi la ukanda wetu huwa tamu kuliko la nchi za baridi. Mimi binafsi ningeongeza mti mmoja wa ile ndimu ya Asia yenye ganda la manundu, ambayo kila jani lake huonekana kama majani mawili yaliyounganishwa ncha kwa ncha. Tunda lake halina maji ya kutosha, lakini majani yake mawili tu ndani ya mchuzi wa sato hutosha kumfanya mgeni aulize umeweka nini.

Kinachonitia wasiwasi zaidi katika barua yako ni maneno "karibu na ziwa". Miti ya jamii hii hupenda udongo wa kichanga kama luseni ya vilimani, na huteseka kwenye mbuga, yaani udongo mzito wa mfinyanzi unaotuamisha maji, kwa sababu huko kuvu hushambulia mizizi na shina hutoa gundi karibu na ardhi. Panda juu ya tuta pana, hakikisha mahali pa kubebeshea pako juu ya udongo, na usirundike samadi wala matandazo hadi yaguse shina. Kiangazi cha Juni hadi Agosti usimwagilie miti iliyokomaa mpaka ionyeshe kulegea kidogo, kwa kuwa katika nchi isiyo na baridi ukame ndio unaoiambia miti hii itoe maua mvua zinaporudi.

SWALI: Mwanangu aliniletea furungu tamu kutoka Unguja. Mbegu zake zimeota. Nitasubiri muda gani hapa Nansio?

JIBU: Dada yangu, huenda ukasubiri miaka saba au zaidi, na tunda utakalopata huenda lisifanane na ulilokula. Mbegu za machungwa na ndimu nyingi hubeba viini kadhaa vinavyorudia sura ya mama, lakini mbegu ya furungu hubeba kiini kimoja tu, kilichochanganya baba na mama. Ikuze hiyo miche hadi ifikie unene wa penseli, kisha ubebeshe kikonyo (kijiti chenye macho) cha mfurungu mzuri wa hapo hapo kisiwani. Usiagize vikonyo kutoka mbali, kwa sababu ndivyo unavyosafiri ule ugonjwa unaotia majani mabaka ya manjano na kupindisha matunda, nao hauna dawa.