Leseni halali ya programu ya kubadili faili za sauti: niliyojifunza baada ya kulipa mara mbili

Ndugu yetu ameuliza apate wapi namba ya leseni, kwa kuwa toleo la majaribio alilonalo limeanza kubadili sehemu tu ya kila faili. Nami nilikwama hapo hapo, na nikaishia kulipa mara mbili.

Mara ya kwanza nilinunua namba kwa mchuuzi wa mtandaoni aliyeiuza kwa bei isiyofika robo ya bei ya mtengenezaji. Programu iliikubali papo hapo, nikaitumia miezi kadhaa, hadi siku niliposakinisha sasisho ikarudi kuwa ya majaribio. Nilipowaandikia watengenezaji, walinijibu kwa upole kwamba namba ile ilikuwa ya mteja mwingine, na kwa kuwa ilikwisha kusajiliwa kwenye kompyuta nyingi kupita idadi iliyoruhusiwa, wameifunga. Mchuuzi, bila shaka, hakupatikana tena. Hapo ndipo nilipoelewa kwamba leseni yenyewe ni kumbukumbu iliyoko kwa mtengenezaji, inayoonyesha nani ameruhusiwa kutumia toleo gani na kwenye kompyuta ngapi. Zile herufi na tarakimu ni kitambulisho chake tu.

Mara ya pili nilinunua kwenye tovuti ya mtengenezaji mwenyewe. Diski ya kompyuta yangu ilipokufa, namba ikapotea pamoja nayo, lakini niliwatumia namba ya oda iliyokuwa kwenye barua pepe ya risiti, nao wakanirudishia leseni yangu bila malipo. Kwa hiyo kabla ya kuomba namba mpya, tafuta kwanza kwenye barua pepe zako za zamani. Huenda uliwahi kununua ukasahau.

Soma pia masharti kabla ya kulipa, hasa neno "maisha", kwa sababu mara nyingi leseni ya namna hiyo inahusu maisha ya toleo unalonunua, si yako, na toleo kubwa linalofuata hulipiwa upya. Nyingine ni za mwaka mmoja na hujihuisha zenyewe, zikikata fedha kwenye kadi yako hata kama huitumii tena programu. Kuhusu vile vijiprogramu vya kutengeneza namba bandia, nitasema moja tu: kinachokutaka uzime kinga ya virusi ndipo kifanye kazi kimekwisha kujieleza.

Hata hivyo, ningekuwa wewe ningejiuliza kwanza kama kuna haja ya kununua. FFmpeg, Audacity na fre:ac ni programu huria zinazopatikana bure, na leseni zake zinakuruhusu kuzitumia nyumbani au kazini bila namba yoyote. Zamani MP3 ilikuwa na utata kwa sababu ya hataza (haki za kisheria za wavumbuzi wake), ndiyo maana matoleo ya awali ya Audacity yalimtaka mtumiaji asakinishe kando LAME, kijiprogramu cha kutengeneza faili za MP3, lakini mpango wa leseni za MP3 ulifungwa tarehe 23 Aprili 2017. Ikiwa kazi yako ni kugeuza faili za sauti za aina ya WAV au FLAC kuwa MP3, hata kwa mamia ya faili kwa mpigo, fre:ac inatosha, nayo ina vitufe vya kubonyeza, tofauti na FFmpeg inayohitaji uandike amri.

Tueleze basi faili zako ni za aina gani. Kama ni nyimbo zilizofungwa na muuzaji wake zisinakiliwe, hiyo ni ruhusa nyingine kabisa, na leseni ya programu ya kubadili sauti haikupi.