Dagaa Hawaanikwi Jioni

Haipiti wiki bila kijana kunifuata hapa Mwanga, Kigoma mjini, na swali lilelile: "Shikamoo Mwalimu. Nataka kutengeneza dokumentari, ninunue kamera gani?" Zamani nilikuwa namjibu. Siku hizi namuuliza kama amewahi kukaa mwalo wa Kibirizi toka alfajiri mpaka saa 10 jioni bila kupiga hata picha moja. Wengi hucheka, wakaaga, wasionekane tena. Wanaorudi ndio ninaowafundisha Jumamosi, katika chumba cha kuazima ambacho madirisha yake tunayaziba kwa kanga ili picha ionekane ukutani.

Nina zaidi ya miaka 20 kwenye kazi hii. Nilianza kwa kuhariri kaseti za harusi, nikaenda Dar es Salaam kujifunza kwa walionitangulia, nikarudi nyumbani. Filamu zangu zinahusu watu wa ziwa na watu wa reli. Ushauri wangu mwingi umetoka kwenye kosa moja, kwa hiyo nianze na hilo.

Kigoma tuko magharibi kabisa mwa nchi lakini saa tunayofuata ni moja na Dar es Salaam. Jua linatuchomozea kama dakika 40 baada ya wao, na saa 1 usiku, redio ikiwa inasoma taarifa ya habari, sisi huku bado tunatambuana nyuso barabarani. Mpiga picha akija na ratiba ya Dar anafunga begi mapema na kukosa mwanga mzuri kuliko wote. Kuanzia saa 12 jioni jua linashuka kuelekea milima ya Kongo, ziwa linageuka rangi ya mawese, na kila sura inapendeza, hata ya mtu aliyekesha.

Mimi nilijua mambo ya jua. Ya dagaa sikuyajua, ingawa nimekua nikiwala.

Nilikuwa natengeneza filamu ya kinamama wa Kibirizi wanaonunua dagaa wabichi kwa wavuvi, wanawaanika, kisha wanawauza kwa wachuuzi wa mbali. Nilikaa nao wiki tatu. Mitumbwi hurudi asubuhi, mama anapigania beseni lake, dagaa wanamwagwa na kutandazwa wakati jua linapanda. Picha zangu za asubuhi zilikuwa zimepauka. Kwa hiyo jioni moja, kinamama wakiwa wanaanua, nilimwomba mmoja wao, mama mtu mzima ambaye tulikuwa tumezoeana, awatandaze upya dagaa wake niwapige na ule mwanga wa mawese. Alinitazama kidogo. Akasema, "Haya, mwanangu," akawaita na wenzake wawili. Walitandaza, nikapiga, nikawanunulia soda. Ndiyo picha iliyofungua filamu.

Dar es Salaam filamu ilipigiwa makofi. Mtu mmoja alinishika mkono akanisifia ile picha ya mwanzo, nami nikapokea sifa zote bila haya. Hakuna aliyeuliza kitu. Mwaka uliofuata ndipo nikaileta Kibirizi, nikafunga shuka jeupe kwenye ukuta wa ghala, nikakodi spika. Picha ya kwanza tu ilipotokea, watoto wakaanza kucheka. Mzee mmoja akauliza kwa sauti, "Nani huyo anaanika dagaa magharibi? Anawanywesha umande?" Uwanja mzima ukalipuka. Mama yule akasimama, akasema kwa upole, "Mwalimu alituomba. Tukamfanyia."

Afadhali angenitukana.

Kicheko kile hakikuishia pale. Wachuuzi wakaanza kumtania kwamba dagaa wake ni wa umande, maana yake hawajakauka vizuri, na dagaa asiyekauka hutoa harufu na kuoza gunia zima. Msimu mzima aliitwa Mama Umande. Ni mzaha, ndiyo, lakini kwa mtu anayeuza kwa jina lake mzaha wa namna hiyo unagusa mfuko. Filamu ilikuwa imeshatoka, imekatwa vipande, inazunguka kwenye simu za watu. Sikuwa na namna ya kuirudisha. Nilichoweza ni kwenda kwake na mtu mzima wa kuniombea radhi, kisha kuihariri upya na kurudisha asubuhi yake ilivyo, pamoja na mpauko wake. Nikiitazama leo naona ule mpauko ndio asubuhi yenyewe ya Kibirizi: moshi, jua kali, macho yaliyokunjwa.

Baadaye nilisoma habari za Jean Rouch, Mfaransa aliyetengeneza filamu nyingi Niger. Mwaka 1954 aliwarudishia wawindaji wa viboko filamu aliyowapiga kwenye mto Niger, nao wakalalamikia muziki aliouweka kwenye sehemu ya uwindaji. Walimwambia uwindaji unataka ukimya, kiboko akisikia kelele hizo anakimbia. Muziki ulikuwa wa kwao wenyewe, wa wawindaji, lakini hapo si mahali pake. Akauondoa, na tangu hapo kuwaonyesha wahusika kazi yao kukawa sehemu ya kazi yake. Mwaka 1978 alikuwa Msumbiji akifundisha watu kupiga filamu kwa kamera ndogo za Super 8. Nilipoyasoma hayo nilifarijika, kisha nikaona aibu: makosa haya yalishafanywa miaka mingi kabla yangu, ningeuliza tu.

Basi ushauri wangu wa kwanza ndio huo. Wahusika waione filamu kabla hujafunga uhariri. Nasema kabla, maana ukishaifunga utakuwa unawaletea sherehe, nao kwa adabu watakupigia makofi. Chagua usiku wa mbalamwezi. Wavuvi wetu wa dagaa huvua kwa taa, na mwezi ukiwa mkubwa taa hazivuti samaki, kwa hiyo wanaume wapo nchi kavu. Shuka lifunge upande wa ukuta usiopigwa na mwezi, vinginevyo picha itafifia. Baada ya kuonyesha usiulize "mmeipenda?" Uliza, "Wapi nimekosea?" halafu nyamaza. Watu wa kwetu hawamkosoi mgeni haraka, inabidi ukimya urefuke mpaka mtu mmoja ashindwe kuvumilia.

Je, kila watakalotaka ulitoe, ulitoe? Hapana. Kuna mwenye mtumbwi aliyetaka niondoe maneno ya vibarua wake kuhusu mgawo wa fedha baada ya gharama za mafuta na nyavu kukatwa. Nilimsikiliza, nikampa nafasi ya kujibu kwenye filamu, na maneno ya vibarua nikayaacha baada ya kuwauliza wao kwa faragha kama bado wanasimama nayo. Kosa la ukweli nalirekebisha mara moja. Jambo linaloweza kumdhuru mtu asiye na nguvu naliondoa hata kama ndilo tamu kuliko yote. Ila mwenye nguvu akiona haya, hilo si jukumu langu. Kwenye fomu ya ridhaa pia, sahihi ya siku ya kwanza haitoshi. Mimi nauliza mara tatu: kabla ya kupiga, baada ya kupiga, na baada ya mtu kujiona mwenyewe.

Jumamosi ya kwanza wanafunzi wangu hawagusi kamera. Nawapeleka stesheni, lile jengo la Wajerumani lililo mwisho wa reli iliyofika hapa mwaka 1914, wakae saa mbili na daftari. Waandike wanachosikia na kuona, wasiandike wanachofikiri. Wengi hurudi na "watu wengi, mizigo mingi." Binti mmoja aliandika kwamba wanaosindikiza hulia treni ikiwa imesimama, na ikianza kutembea wanacheka na kukimbia nayo. Nimekulia mji huu na sikuwa nimeliona hilo. Huyo nilimpa kamera wiki hiyohiyo.

Kaskazini mwa mji kuna Gombe, hifadhi ya sokwe. Marehemu Jane Goodall, mtafiti wa sokwe, alifika pale Julai 1960, na sokwe walimkimbia kwa miezi. Hugo van Lawick alipotumwa mwaka 1962 kupiga picha, naye ilibidi akae mpaka wamzoee. Wageni wanapanda boti Kibirizi kwenda huko, wanapita katikati ya kinamama na dagaa wao bila kugeuza kamera. (Sina kinyongo na sokwe. Nasema tu.) Kama sokwe anahitaji miezi ili asikuogope, kwa nini mvuvi unampa nusu saa?

Kaa na kalenda ya mwezi mfukoni. Usiku wa giza ndio wa kupiga uvuvi. Mahojiano yaweke mbalamwezi, mtu akiwa anashona nyavu, kwa sababu mikono ikiwa na kazi mdomo unafunguka. Wazee wanaozungumza Kiha waache wazungumze Kiha. Nilihoji mzee mmoja kwa Kiswahili akanipa majibu ya neno mojamoja kama yuko mahakamani. Nilipomrudia na kijana wa kwao anayeijua lugha, alisimulia mpaka betri ikaisha. Tafsiri ya maandishi itazamwe na watu wawili wasioonana.

Sauti ndiyo inayowaumbua wengi. Mchana upepo wa ziwani unavuma, ukipuliza kipaza sauti kitupu hutakuwa na filamu. Kama huna manyoya ya kukivika, tumia soksi nene ya sufu, mimi nimeitumia miaka. Kila mahali unapopiga, kabla ya kuondoka, waombe watu wanyamaze dakika moja urekodi ukimya wa mahali pale. Ukimya wa Kibirizi una maji, boti ya mbali na kunguru. Ukimya wa stesheni ni tofauti kabisa, na kwenye uhariri hakuna kitu kingine kitakachoziba pengo. Kwenye taa za umeme weka picha 25 kwa sekunde na shata 1/50, ukibahatisha taa zitachezacheza. Na nakala tatu, sehemu tatu. Diski yangu iliwahi kuanguka kwenye bodaboda ikiwa na kazi ya miezi minne, sitaki kuizungumzia zaidi.

Vibali navyo usivizunguke. Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ni ya mwaka 1976, na kibali kinatoka Bodi ya Filamu. Ukiwa nacho bado anza kwa mwenyekiti wa mtaa na kikundi cha ulinzi wa mwalo, kile wanachokiita BMU. Bandarini na stesheni omba kwa wenyewe. Droni ni Mamlaka ya Usafiri wa Anga, tena mapema.

Fedha? Filamu za makala hazijanilipia hata mlango wa nyumba. Nyumba imejengwa na harusi, na video za mashirika, zile zenye mtiririko uleule: shida, mradi, tabasamu. Sizidharau. Zimenifundisha kumaliza kazi kwa wakati, na kamera iliyonunuliwa na harusi haiulizwi na mtu inapiga nini siku nyingine. Ila usichanganye siku. Ukiwa na fulana ya shirika mwaloni, watu watakupa majibu ya shirika.

Mwaka 2024 serikali ilifunga uvuvi Ziwa Tanganyika kuanzia Mei 15 hadi Agosti 15, samaki wapate kuzaliana. Wanafunzi wangu wakataka kupiga filamu ya miezi hiyo mitatu. Walileta mitumbwi mitupu, ndege mmoja juu ya mwamba, muziki wa huzuni. Nikawaambia wakaionyeshe Kibirizi ikiwa mbichi hivyohivyo. Wavuvi wakawauliza nani amekufa. Wapo waliokuwa wameumia kweli, wana watoto wa kulisha na hawana shamba. Lakini wapo waliokwenda kulima, na waliotumia muda huo kuziba mitumbwi. Palikuwa na mama aliyekuwa ameweka magunia yake ya dagaa wakavu toka Aprili, akayauza polepole kadiri walivyoadimika, wala hakutaka kuonekana kwenye msiba wa mtu. Vijana walirudi wamenuna. Walipiga upya karibu nusu ya filamu, na mara hii mama mwenye magunia yumo, anahesabu.

Mama huyo ni yuleyule. Jina la Umande lilishakufa, hata hivyo yeye hajasahau. Kila nikishuka Kibirizi na begi la kamera namwamkia, "Shikamoo mama," naye hujibu marahaba bila kuinua macho kwenye dagaa wake, halafu anauliza kwa sauti wenzake wote wasikie:

"Mwalimu, leo tuanike saa ngapi?"