Maswali ya wasomaji: kubadilisha kitako cha bunduki ya nusu otomatiki

Barua za kitako zimekuwa nyingi kweli, na nyingi zinaanzia sehemu moja, mtu kaona kitako kizuri kwenye picha anakitaka. Mi nawaambia wote hivi: kitako ndo kinashika mashine (ule mwili wa chuma wenye chemba, bolti na triga) na ndo kinashika bega lako, kwahiyo kikikaa vibaya hata mtutu wa bei mbaya hautakusaidia kitu. Angalia kinavyokaa kwanza, urembo utakuja baadae. Na nikisema kitako hapa ni kipande chote, kuanzia begani mpaka mbele pale mtutu unapolalia.

Shikamoo fundi. Nina Ruger 10/22, rifle ndogo ya risasi za .22, ya zamani nimeachiwa na baba, kitako ni cha mbao, kimepasuka pale pembamba nyuma ya triga. Nilitia gundi ufa ukarudi, nikaacha kupiga nayo. Nimepata cha plastiki ngumu, ila naogopa kufungua mwenyewe. Je naweza, na je kila kitako cha 10/22 kinaingia?

Marhaba mwanangu. Unaweza kabisa, na hiyo bunduki ni ya kujifunzia kazi hii, imetengenezwa tangu 1964 na mpaka leo namna ya kuifungua ni ile ile, skrubu moja chini na kwenye nyingi kuna bangili inayofunga mtutu na mbao kule mbele. Na umefanya vizuri kutoendelea kupiga nayo, ufa wa pale kwenye shingo gundi ya juu juu haiponyi, ukishapiga kidogo tu unafunguka tena.

Kwanza kabisa toa magazini, vuta bolti (kile chuma kinachoteleza kufunga nyuma ya mtutu) nyuma, angalia chemba, pale risasi inapokaa, kwa macho alafu ingiza na kidole kidogo uhakikishe, na risasi zote ziende chumba kingine kabisa, zisikae hata mezani unapofanyia kazi. Hili silisemi kwa kujaza karatasi, kuna watu wazima wenye uzoefu wao wamefyatua risasi ndani ya nyumba wakiwa wanasafisha au wanabadilisha kitu kidogo kama hiki, kisa walitoa magazini wakasahau ile moja iliyobaki kwenye chemba.

Ukishajiridhisha, legeza skrubu ya bangili uisogeze mbele itoke, alafu fungua ile skrubu kubwa ya chini mbele ya mlango wa magazini, tumia bisibisi inayojaa vizuri kwenye mfereji wa skrubu maana nyembamba itakula kichwa chake. Sasa hapa ndo wengi wanakwama: wanavuta mashine haitoki wanaanza kuigonga. Tatizo ni sefti. Kile kitufe cha kuzuia isifyatue, kinachopita upande kwa upande, lazima ukiweke katikati, kisitokeze kulia wala kushoto, kama kimetokeza upande mmoja kinashika kwenye mbao. Kikiwa katikati unainua mtutu kwa mbele na mashine yote inatoka taratibu, usitumie nguvu, na kwenye kile kilichopasuka ndo usitumie kabisa kama unataka kukitunza kwa kumbukumbu ya mzee.

Ikishatoka ishike wima na weka kitambaa chini, kuna pini zinapita upande kwa upande, mbili zinashika nyumba ya triga na moja ya nyuma inazuia bolti, hizo kinachozizuia zisitoke ni kitako chenyewe, kwahiyo ukiilaza ubavu zinadondoka zenyewe na utatambaa sakafuni kuzitafuta.

Kuhusu kila kitako kuingia, hapana. Pima mtutu wako. Ule wa kawaida ni mwembamba na unazidi kupungua kwenda mbele, ila kuna mitutu mizito iliyonyooka yenye kipenyo cha inchi 0.920, yaani kama milimita 23, na vitako vya hiyo vina mfereji mpana. Mtutu mwembamba kwenye mfereji mpana utaingia ndio, lakini utaacha uwazi mkubwa pembeni, na mtutu mzito kwenye mfereji mwembamba hauingii mpaka ukwangue. Na kama yako ni ile inayogawanyika vipande viwili, hiyo ina kitako chake tofauti, usinunue cha kawaida.

Kurudisha ni kinyume chake, sefti katikati tena, tanguliza sehemu ya nyuma alafu shusha mtutu. Skrubu ikaze mpaka ishike vizuri, basi, mwili wa hiyo mashine ni aluminiamu na ukikaza kama unafunga gurudumu la gari utang'oa nyuzi za ndani, hiyo kesi sasa ndo ya kupeleka kwa fundi. Weka alama kidogo ya rangi kwenye skrubu na kitako ili siku nyingine ukiangalia ujue kama imelegea.

Kabla hujarudisha risasi karibu nayo cheza nayo tupu: sefti iende mpaka mwisho pande zote, triga ikatae kufyatua sefti ikiwa imefungwa, mkono wa bolti usikwaruze kitako, magazini iingie na ishike na ikitolewa itoke bila kung'ang'ania. Magazini ikigoma kuingia mara nyingi mashine haijakaa chini vizuri, usiilazimishe, toa uangalie wapi panagusa. Na saiti usiamini tena ile ya zamani, kitako kipya ni kusawazisha upya, anza karibu, piga tano tano kwa utulivu ndo usogeze umbali.

Habari fundi. Nimebadilisha kitako cha M1 Garand, cha zamani kilikuwa kimelowa mafuta mpaka mbao imelainika. Hiki kipya ni walnati nzuri, lakini risasi zinatawanyika kuliko mwanzo. Mtutu ni mzima, saiti hazijalegea. Nimekosea wapi?

Salama ndugu. Hili swali nimelipenda kwasababu watu wengi wakiona risasi zinatawanyika wanalaumu mtutu au risasi zenyewe, kumbe kitu kipo kwenye mbao.

Garand, iliyopitishwa na jeshi la Marekani mwaka 1936, haifungwi na skrubu kama nyingine. Kikingio cha triga, kile chuma kinachoizunguka triga kwa chini, ndo kufuli, ukikifunga kinavuta nyumba ya triga juu na kubana mbao katikati ya vyuma viwili. Kwahiyo nguvu yote ya kushika mashine inategemea unene wa mbao pale. Fanya hivi: bunduki ikiwa tupu na nyundo imevutwa, funga kikingio taratibu usikilize mkono wako. Kinatakiwa kianze kukaza kabla hakijafika mwisho na ukimalizie kwa kusukuma kwa kiganja. Kama kinaenda mpaka mwisho kilegevu bila upinzani, hapo umepata jibu, mashine inacheza ndani ya kitako na kila risasi inaikuta imekaa sehemu tofauti. Na kama kinakataa kabisa kufunga usikipige nyundo, mbao imezidi, inapunguzwa kidogo sana kwa msasa kwenye sehemu zinazobanwa, pande mbili sawa sawa, unajaribu, unapunguza tena, maana ukishatoa mbao hairudi.

Cha pili angalia pale nyuma miguu ya mashine inapogonga mbao wakati bunduki inarudi. Paka rangi ya penseli au masizi kwenye chuma, funga, fungua, alama zikionekana upande mmoja tu basi upande huo peke yake ndo unabeba mshindo wote, mashine inajipinda kidogo kila ukifyatua na mbao itakuja kupasuka. Zinatakiwa ziguse zote mbili.

Cha tatu wengi hawakijui, ule mkono mrefu unaosukuma bolti unapita karibu sana na mbao. Toa springi yake, rudisha mkono na bolti peke yake, alafu inamisha bunduki mbele na nyuma. Vinatakiwa viteleze vyenyewe kwa uzito wake, vikikwama sehemu angalia mbao pale utaona pameng'aa, hapo ndo pa kukwangua kidogo.

Wapigaji wa mashindano wanaenda mbali zaidi, wanamwaga epoksi kwenye sehemu mashine inapokalia ili ipate kitanda chake hasa kisichobadilika. Kazi nzuri sana na mi naipenda, ila chuma kipakwe nta kila kona na matundu yote yazibwe kwa udongo wa kuchezea, kinyume cha hapo mashine na mbao zitashikana milele. Na ukishaifanya usiwe unafungua fungua bunduki bila sababu, kila ukiitoa unakula kile kitanda kidogo kidogo. Walnati mpya pia ipakwe mafuta ya kitani kidogo kidogo kwa siku kadhaa, mpaka ndani kule usikoona, mbao ikinywa unyevu inavimba na ile kukaza uliyoipima kiangazi masika haipo tena.

Kaka fundi, mi ni mwanamke, sio mrefu, na rifle ya club yetu inanishinda. Mkono unachoka, shingo inauma, na darubini naiona nusu nyeusi. Naambiwa nitazoea. Ni kweli?

Dada yangu, sio kweli, na aliyekuambia hivo akupe bunduki inayokutosha kwanza ndo aongee. Dalili zote ulizotaja ni za kitako kirefu na chenye shavu la chini, yaani ile sehemu ya juu ya kitako unapolaza shavu lako haijainuka vya kutosha.

Urefu unapimwa kutoka usoni mwa triga mpaka katikati ya mwisho wa kitako. Rifle nyingi za kiwandani ziko kama inchi 13 na nusu, yaani sentimita 34 hivi, wanalenga mwanaume wa kimo cha kati. Wewe inawezekana kabisa unahitaji 30 au 31. Kikiwa kirefu unarudisha mabega nyuma ili uifikie, uzito wote unaenda mbele, ndo maana mkono unachoka. Jaribu na nguo unazopigia kweli, maana koti zito linaongeza urefu: fumba macho, weka bunduki begani unavyojisikia raha, laza shavu, fumbua. Kama jicho halioni darubini nzima mpaka unyooshe shingo au uinue kichwa, kitako sio chako. Dole gumba la mkono wa kulia libaki na nafasi ya vidole viwili au vitatu toka puani, ikiwa chini ya hapo kitakupiga.

Ile nusu nyeusi ni urefu wa shavu. Vitako vya zamani vilichongwa kwa saiti za chuma ambazo ziko chini, ukifunga darubini jicho linatakiwa lipande juu na shavu linabaki linaelea hewani. Tafuta kitako chenye shavu la kupandisha na vipande vya kuongeza nyuma, hivyo unaanza na kifupi unaongeza kipande kimoja kimoja. Kama club hairuhusu kubadilisha, waombe angalau pedi ya shavu ya kufunga na kamba. Na usikubali wakate kitako cha mbao kwa kukadiria, kukata sentimita moja ni rahisi ila kuirudisha hakuna.

Fundi, nimeweka kitako kipya cha kusogeza kwenye AR-15, kinacheza kama jino bovu. Cha zamani hakikuwa hivi. Nirudishe?

Pima bomba kwanza kwa kalipa, lile la nyuma ya bunduki ambalo kitako kinateleza juu yake. Kuna saizi mbili, ya kijeshi kipenyo chake kama milimita 29.2 na ya kibiashara kama 29.7. Kitako cha saizi ya kibiashara kwenye bomba la kijeshi kinaingia vizuri tu lakini kitacheza, cha kijeshi kwenye bomba la kibiashara hakiingii. Kwahiyo ndio rudisha, chukua saizi yako. Kubadilisha chenyewe unavuta ile pini ya chini mpaka mwisho kinateleza kutoka, hugusi kingine. Ila ukitaka kutoka kwenye kile kisichosogea kwenda hiki, hapo unabadilisha bomba, springi na kile kizito cha ndani, na nyuma kuna springi ndogo ya pini inayozuiwa na kitako, ukikitoa haraka inaruka.

Je nikiweka kitako cha kukunja kuna shida na sheria?

Inategemea uko wapi, na hapa usikisie. Marekani kuna sheria ya mwaka 1934, rifle ikiwa chini ya inchi 26 kwa urefu wote au mtutu chini ya inchi 16 lazima isajiliwe kwanza, na kule urefu unapimwa kitako kikiwa kimefunguliwa. Uingereza ni kinyume, kitako cha kukunja au kutoa hakihesabiwi kabisa ukipima urefu, na tangu 1988 rifle za nusu otomatiki zilizobaki kwa raia ni zile za .22 ndogo tu, ambazo risasi yake inagongwa ukingoni (rimfire). Baadhi ya majimbo ya Marekani kama California yanaangalia hata umbo, kwenye rifle za nusu otomatiki za risasi zinazogongwa katikati (centerfire) zenye magazini ya kutoa, kitako cha kukunja au chenye tundu la dole gumba kinaweza kuifanya bunduki ile ile uliyonunua kihalali ihesabiwe ya marufuku. Rifle zilizoingizwa Marekani kutoka nje nazo zina hesabu yake ya vipande vya kigeni, na kitako ni kimoja ya vinavyohesabiwa. Kwahiyo andika jina kamili la kitako na urefu wa bunduki kikiwa kimekunjwa na kikiwa kimefunguliwa, upeleke kwa ofisi iliyokupa leseni wakujibu kwa maandishi kabla hujalipa, na kile cha zamani usikiuze mpaka jibu lije.