Kiboko hatokwi na jasho la damu

Msomaji wa Nyamagana, Mwanza, anauliza: "Huku ziwani tunasema kiboko anatokwa na jasho la damu. Mwalimu wetu anasema tuseme jasho nyekundu. Nani yuko sahihi?"

Hakuna. Kwa mwalimu nina neno moja: ni jasho jekundu, kama gari jekundu. Namsamehe, kwa sababu ulimi umezoea "rangi nyekundu", na hiyo rangi yenyewe tuliipata kwa Waajemi. Tupite.

Nisichokivumilia ni "jasho la damu". Mtazameni kiboko aliyepanda ufukweni jua likiwa kali. Matone yanamtoka mgongoni na usoni bila rangi yoyote, mazito kama ute wa yai bichi. Dakika chache baadaye yamekuwa mekundu, na yakizidi kukaa yanageuka kahawia. Damu gani hiyo? Damu hutoka nyekundu tangu tone la kwanza, kwa kuwa himoglobini, kile kinachoipa wekundu wake, imo tayari ndani yake. Wataalamu wa Japani walipochunguza matone haya walitangaza mwaka 2004 kwamba yana rangi mbili, nyekundu na ya machungwa, na zote mbili ni asidi. Hufyonza mionzi ya jua inayounguza ngozi. Ile nyekundu hudumaza na bakteria, faida kubwa kwa mnyama anayechanwa kwa meno na wenzake kisha akarudi kulala kwenye maji yaliyojaa kinyesi.

Wala si jasho. Jasho ni majimaji mepesi ya kupoza mwili, na kiboko hana tezi za jasho kama zetu. Haya ya kwake yanatoka kwenye tezi zilizo chini ya ngozi, nayo yananata. Mtanijibu kwamba wataalamu wenyewe waliita asidi ile nyekundu hiposudoriki, na "sudor" kwa Kilatini ni jasho. Najua. Walibatiza kemikali kwa lugha yao; hatulazimiki kuurithi ubatizo huo wakati neno tunalo.

Neno ni ute, ndugu yake mate. Mama muuza samaki wa Mwaloni Kirumba akimsugua kambare kwa majivu ili asimponyoke mkononi, haondoi jasho, anaondoa ute. Kamongo akijifukia topeni wakati wa kiangazi hujizungushia ute, ukakauka ukawa ganda. Mtoto yeyote wa ziwani anaujua ute kwa vidole vyake, halafu akifika kwa kiboko anafundishwa kusema damu!

Semeni: kiboko anatokwa na ute mwekundu. Mwekundu, si nyekundu, si jekundu. "Kiboko anatoka damu" mwekeeni yule aliyejeruhiwa kweli, kwa sababu huyo hushambulia, na mvuvi anayepeleka mtumbwi upande ule anahitaji kuambiwa ni yupi kati ya hao wawili aliyesimama kwenye matete.