Maswali Yenu: Adimu Kuonekana, Mgumu Kukamatwa

Barua za mwezi huu zimetoka kwa wingi Arusha na Moshi, na zinahusu michezo ya Pokémon, ambamo mchezaji hukamata viumbe wa kubuni kwa kuwarushia mipira: ile ya mashine ndogo za mkononi na ile ya kwenye simu. Tumechagua nne. Karibu zote zinachanganya mambo mawili ambayo mchezo wenyewe huyahesabu mbalimbali: uwezekano wa kiumbe kutokea mbele yako, na uwezekano wa kiumbe huyo kubaki ndani ya mpira ukishamrushia. Anayetambua ni lipi kati ya hayo linalomkwamisha hupoteza mipira michache na bando kidogo.

Shikamoo Mhariri. Mimi ni mwanafunzi wa kidato cha nne, naishi Pasua, Moshi. Kaka yangu aliniachia Game Boy Advance yenye mchezo wa FireRed, nami nimefika katika pango la Cerulean alipo Mewtwo. Nimemrushia Ultra Ball mpaka zimeniishia. Mara nyingine mpira hutikisika mara tatu, kisha anatoka. Rafiki yangu anasema nibonyeze kitufe cha B kwa nguvu wakati mpira unatikisika. Je, ni kweli? Au nitumie Master Ball niliyonayo?

Marahaba, mwanangu. Kitufe cha B hakisaidii lolote, ingawa imani hiyo imeenea nchi nyingi na wapo watu wazima wanaoishikilia hadi leo. Katika mchezo wako matokeo huamuliwa mara tu mpira unapomfikia kiumbe, na ule mtikisiko unaoutazama kwa roho juu ni maonyesho tu ya uamuzi uliokwisha kutolewa.

Kila aina ya kiumbe imepewa namba ya ukamatikaji, kuanzia 3 hadi 255. Pidgey wa porini ana 255. Mewtwo ana 3. Namba hiyo huzidishwa kwa ubora wa mpira (Poké Ball ni 1, Great Ball ni 1.5, Ultra Ball ni 2), kisha huangaliwa uhai aliobaki nao: mwenye uhai kamili huhesabiwa theluthi moja tu, na kadiri uhai unavyopungua hesabu inakaribia kuwa kamili. Akiwa amelala au ameganda kwa barafu, jibu huzidishwa kwa 2. Akiwa amepooza, ameungua au ana sumu, huzidishwa kwa 1.5. Unachopata unakigawanya kwa 255. Sasa piga hesabu yako mwenyewe. Mewtwo mwenye uhai kamili, yuko macho, umemrushia Ultra Ball: ni 2 kwa 255, yaani haifiki hata asilimia moja. Mewtwo huyo huyo akiwa amebakiwa na uhai wa pointi moja na amelala: ni karibu 12 kwa 255, sawa na mpira mmoja katika kila 21. Ukitumia Timer Ball baada ya zamu 30 za pambano, ambapo mpira huo hufikia ubora wa 4, inakuwa takriban mmoja katika kila 11. Mipira ni ile ile mikononi mwako, ila ulikuwa unairusha mapema mno.

Kuhusu ile mitikisiko mitatu, mchezo hufanya majaribio manne yaliyo sawa, na kiumbe hukamatwa yote manne yakipita. Kwa Mewtwo aliyelala na kuchoka kama nilivyoeleza, kila jaribio hupita kwa uwezekano wa karibu asilimia 47, kwa hiyo kutikisika mara tatu na kutoka ni jambo la kawaida, wala hakukuwekei akiba kwa mpira unaofuata.

Jiandae hivi. Tafuta Scyther anayejua False Swipe, shambulio ambalo haliwezi kumzimisha adui bali humwachia pointi moja ya uhai, pamoja na Parasect anayejua Spore, ambayo humlaza adui bila kukosea shabaha. Usitumie sumu wala moto hata kama vimo katika orodha niliyoitaja, kwa kuwa humla kiumbe uhai kila zamu, na mwenye pointi moja atazimia mikononi mwako. Vilevile usilivute pambano mno, maana Mewtwo akiishiwa na mashambulizi yake yote huanza kupigana kwa namna inayomuumiza mwenyewe. Hifadhi mchezo kabla hujamkaribia. Akizimia, zima mashine na uanze upya.

Master Ball, mpira usiokosa kumkamata kiumbe yeyote wa porini, usimpe Mewtwo. Mchezo hukupa mmoja tu, kutoka kwa rais wa kampuni ya Silph pale Saffron, na Mewtwo amesimama pangoni, haendi kokote, anakusubiri uchoke na urudi. Mtunzie yule anayezurura. Katika FireRed mmoja kati ya wanyama watatu huanza kutembea barabarani ukishamaliza shughuli za visiwa, kulingana na kiumbe uliyeanza naye: aliyechagua Bulbasaur hupata Entei, aliyechagua Squirtle hupata Raikou, aliyechagua Charmander hupata Suicune. Huyo naye ana namba 3, na juu ya hayo hutoroka katika zamu ya kwanza kabisa. Kibaya zaidi, katika mchezo huu Entei au Raikou akikufukuza kwa Roar, mngurumo unaokatisha pambano, hupotea moja kwa moja na hutamwona tena. Kama ulianza na Charmander una nafuu kidogo, kwa kuwa Suicune hana Roar.

Kaka Mhariri, nacheza Pokémon GO. Nikiwa nyumbani Njiro naona wale wale kila siku, lakini nikifika mjini karibu na Mnara wa Saa hali inakuwa afadhali. Marafiki zangu walio Ulaya hunitumia picha za viumbe nisiowahi kuwaona. Je, niweke programu ya kudanganya mahali nilipo?

Hapana, ndugu yangu. Kudanganya mahali ulipo ni kinyume cha masharti ya mchezo, na akaunti inaweza kufungwa pamoja na kila ulichokusanya.

Tofauti unayoiona kati ya Njiro na mjini ina historia yake. Pokémon GO ilitoka Julai 2016, lakini kampuni ya Niantic iliyoitengeneza ilikuwa na mchezo mwingine kabla yake, Ingress, ulioanza mwaka 2012, na wachezaji wa mchezo huo ndio waliopendekeza minara, sanamu, majengo ya kale na nyumba za ibada ambazo baadaye ziligeuzwa kuwa vituo vya mchezo, ambako mchezaji huokota mipira na kukutana na viumbe. Mahali ambapo hawakupita wachezaji wengi wa wakati ule, vituo ni vya kuhesabu. Mchezaji aliyefikia ngazi ya juu anaruhusiwa kupendekeza vituo vipya, na wachezaji wengine huyapitia mapendekezo hayo. Bustani ya umma, mchoro mkubwa ukutani au uwanja wa michezo wa mtaa hukubalika. Nyumba ya mtu binafsi na viwanja vya shule za msingi na sekondari hukataliwa. Ningekuwa Njiro, ningeanzia hapo badala ya kupanda daladala kila jioni.

Angalia pia hali ya hewa inayoonyeshwa na mchezo. Mvua huongeza viumbe wa maji, umeme na wadudu; jua huongeza wa moto, majani na ardhi; upepo huongeza wa kuruka, wa nguvu za akili na wa aina ya joka; ukungu huongeza wa giza na mizimu. Mtu wa Arusha anayeamka mapema mwezi wa Juni au Julai, akiuona ukungu nje na mchezo nao ukauonyesha, asirudi kulala.

Sasa nije kwa hao wa Ulaya. Wapo viumbe waliofungwa katika maeneo ya dunia, na hao hutawapata kwa ubani (kifaa cha mchezo cha kuvuta viumbe) wala kwa subira: Mr. Mime ni wa Ulaya, Tauros ni wa Amerika ya Kaskazini, Kangaskhan ni wa Australia, Farfetch'd ni wa Asia ya Mashariki. Mara chache hutolewa nje ya maeneo hayo katika matukio maalumu. Lakini nasi tuna wetu. Tropius, mnyama mwenye mabawa ya majani na matunda kama ndizi yanayoning'inia shingoni, hutokea Afrika, na huenda unamkamata kila wiki na kumtuma kwa profesa ili upate peremende moja. (Wasomaji wa Moshi, mnaoishi katikati ya migomba, sidhani kama mtashangaa kwamba tumepewa huyu.) Kwa mchezaji wa Berlin au Chicago, Tropius ni mali. Tangu mwaka 2018 mchezo unaruhusu wachezaji walio marafiki kubadilishana viumbe wakiwa karibu karibu, umbali usiozidi mita 100 kwa kawaida, na Arusha ndiko wageni wanakolala kabla ya kwenda mbugani. Wapo kati yao wenye mchezo huu katika simu zao. Watunze Tropius wako watatu au wanne, weka na akiba ya vumbi la nyota, kwa sababu kumpokea kiumbe ambaye hujawahi kumsajili hugharimu vumbi jingi, na gharama hiyo hupungua kadiri urafiki wenu ndani ya mchezo unavyokomaa. Hilo ndilo jibu la swali lako, na ni njia halali.

Akishatokea adimu, usimrushie kwa papara. Mpe Razz Berry, tunda la mchezo ambalo huzidisha nafasi yako kwa 1.5, au lile la dhahabu kwa 2.5. Shika mpira uuzungushe mpaka utoe vimulimuli, maana mpira uliopindishwa huzidisha kwa 1.7. Subiri duara la rangi lisinyae, subiri kiumbe amalize kurusha mateke yake, ndipo uachie. Haya yote uyafanye ukiwa umesimama ndani ya ua au dukani kwa mtu unayemfahamu. Ukingoni mwa barabara vibaka wa pikipiki hukwapua simu kabla duara halijasinyaa.

Mhariri, mimi ni mama wa watoto watatu, Majengo, Moshi. Kijana wangu anataka nimtumie fedha anunue sarafu za Pokémon GO, anasema bila sarafu hapati wale wa maana. Ni kweli?

Si kweli, mama. Sarafu hununua mipira, ubani na tiketi za mapambano ya pamoja, yaani humwongezea nafasi za kujaribu. Hazinunui kiumbe mwenyewe. Mchezo pia humpa mchezaji hadi sarafu 50 kwa siku bila malipo, akiweka viumbe wake kulinda kumbi za mapambano. Mwambie aanzie hapo. Akikuomba fedha za kununua akaunti ya mtu mwingine, mkatalie kabisa, kwa kuwa biashara hiyo imekatazwa na wengi wameishia kutapeliwa.

Mhariri, mimi ni mwalimu wa hisabati, Usa River. Mpwa wangu anacheza Pokémon Scarlet na anatafuta kiumbe yeyote mwenye rangi isiyo ya kawaida. Amesoma kwamba uwezekano ni 1 kwa 4096, naye amekwisha kukutana na zaidi ya 4000. Anaamini yuko mlangoni. Nimwambie nini?

Mwalimu, jibu unalo. Mchezo haukumbuki alikutana na wangapi jana, kama vile dadu la ludo lisivyokumbuka lilitoa ngapi. Akikutana na viumbe 4096, uwezekano wa kuwa amempata angalau mmoja ni karibu asilimia 63, na ili ufike asilimia 90 anahitaji kukutana na wapatao 9,430. Ajipe moyo kwamba waliocheza matoleo ya Gold na Silver mwaka 1999 walikuwa na 1 kwa 8192, na kiwango hicho hakikupunguzwa mpaka zilipotoka X na Y mwaka 2013.

Anachoweza kufanya ni kubadilisha kiwango chenyewe. Ramani ya Scarlet huonyesha mahali ambapo aina moja ya kiumbe imejitokeza kwa makundi. Akiwashinda 60 wa kundi hilo, uwezekano kwa wale wanaoendelea kutokea hapo hupanda hadi takriban 1 kwa 1365. Akikamilisha orodha ya viumbe 400 wa Paldea, nchi ya mchezo huo, hupewa hirizi ya Shiny Charm, na vikiunganishwa vyote viwili inafika karibu 1 kwa 819.

Kuna jambo jingine ambalo huenda ndilo lililomponza. Katika Scarlet kiumbe wa rangi tofauti hutembea nyikani bila mlio wala mmeto wowote, na kwa aina kama Gengar tofauti ya rangi ni ndogo kiasi kwamba jicho hupita tu. Kwa hiyo ndani ya kundi asitegemee macho: abonyeze R amtume kiumbe wake akapigane peke yake. Kiumbe huyo akikataa kumshambulia mmoja wao, hapo asogee amtazame vizuri, na awe na mipira ya kutosha mfukoni.