Udongo mmoja, maabara mbili, majibu mawili: niamini yapi?

SWALI: Nina ekari sita Njombe, nalima mahindi na viazi mviringo kwa kupokezana. Nilichukua udongo shambani, nikauchanganya, nikaugawa mara mbili na kuupeleka maabara mbili tofauti. Ya kwanza imeandika pH (kipimo cha uchachu) 5.7, fosforasi 9, kaboni 2.1 na potasiamu 0.38. Ya pili imeandika pH 4.8, fosforasi 62, mboji 3.6 na potasiamu 149. Misimu miwili iliyopita nilipandia mbolea ya Minjingu. Maabara ipi imekosea? Na je, msimu huu ninunue DAP (mbolea ya kupandia yenye fosforasi) na chokaa, au niache?

JIBU: Inawezekana kabisa kwamba hakuna iliyokosea. Tazama tena karatasi zako, hasa yale maandishi madogo chini ya jedwali au pembeni ya kila namba. Hapo huandikwa vizio (kama miligramu kwa kilo) na jina la njia iliyotumika. Namba ya udongo isiyo na jina la njia yake haina maana, hata kama imepigwa muhuri.

Tuanze na zile rahisi. Maabara ya kwanza imepima kaboni, ya pili imetoa mboji. Kwa kawaida maabara hupima kaboni kwa njia ya Walkley na Black, kisha huzidisha kwa 1.724 kupata mboji. Ukizidisha 2.1 kwa 1.724 unapata 3.6. Ni jibu lile lile. Potasiamu nayo ni hivyo: 0.38 ni sentimoli kwa kilo, 149 ni miligramu kwa kilo. Sentimoli moja ya potasiamu ina miligramu 391, na 0.38 mara 391 ni 149. Namba kulingana hivi ni dalili nzuri kwamba uligawa sampuli sawasawa, na kwamba maabara zote mbili ziko makini.

pH ya 5.7 yaelekea imepimwa kwenye maji, na 4.8 kwenye myeyusho wa kloridi ya potasiamu wa moli 1 kwa lita. Potasiamu ya kwenye myeyusho husukuma nje haidrojeni na alumini zilizoshikwa na chembe za udongo, zikaingia kwenye kimiminika, na pH ikashuka. Katika udongo mwingi tofauti hiyo huwa kati ya 0.5 na 1. Yako ni 0.9, kwa hiyo hakuna cha ajabu. Ila usije ukachukua jedwali la chokaa lililotengenezwa kwa pH ya maji ukaliingiza 4.8; utamwaga tani za chokaa usizozihitaji.

Fosforasi ndiyo yenye kazi. Kwanza hakikisha 62 ni fosforasi yenyewe (P) au ni P2O5, yaani fosforasi pamoja na oksijeni, kwa sababu baadhi ya maabara huandika kwa mtindo wa mifuko ya mbolea. Kama ni P2O5, gawanya kwa 2.29, utapata 27. Bado 27 ni mara tatu ya 9, na hapo ndipo njia zinapotofautiana.

Hakuna maabara inayopima fosforasi yote inayofaa kwa mmea. Wanachofanya ni kumimina dawa kwenye udongo, kutikisa kwa muda maalumu, kuchuja, na kupima kilichotoka. Dawa ikibadilika, kinachotoka kinabadilika. Njia ya Olsen ya mwaka 1954 hutumia bikaboneti ya sodiamu ya moli 0.5 kwa lita yenye pH 8.5: udongo gramu 2.5, dawa mililita 50, kutikisa dakika 30. Mehlich 3 ya mwaka 1984 ni mchanganyiko mkali wenye pH karibu 2.5, una asidi ya siki, asidi ya naitriki, nitrati ya amonia, floraidi ya amonia na EDTA (kemikali inayoshika madini): udongo gramu 2.5, dawa mililita 25, kutikisa dakika 5 tu. Asidi huyeyusha fosforasi iliyofungwa na kalsiamu, floraidi hufungua ile iliyoshikwa na alumini. Kwa hiyo Mehlich 3 hutoa namba kubwa kuliko Olsen karibu kila mara. Kuna pia Bray 1 ya mwaka 1945, inayotumika sana Tanzania kwa udongo wenye uchachu. Kwenye udongo wenye chokaa nyingi usiitumie, maana chokaa huua asidi yake kabla haijafanya kazi.

Kila njia ina mpaka wake wa kusema udongo una njaa. Kwa Olsen, chini ya miligramu 10 hivi kwa kilo mahindi huitikia mbolea. Kwa Mehlich 3 mpaka huo uko karibu na 25 hadi 30. Sasa, ikiwa maabara ya kwanza ilitumia Olsen, na ya pili Mehlich 3 ikaandika P2O5, weka 9 yako kwenye kipimo cha kwanza na 27 kwenye cha pili: zote zimekaa mpakani. Hapo maabara zako zinakubaliana.

Ila una jambo moja linaloharibu hesabu, nalo ni Minjingu. Ile ni mbolea ya mwamba wa fosfati. Punje ambazo hazijayeyuka bado ziko shambani, na zikikutana na asidi ya Mehlich kwenye chupa zinayeyuka mara moja, jambo ambalo mzizi wa mahindi hauwezi kulifanya kwa kasi hiyo. Namba inapanda bila mmea kufaidika. Olsen, yenye dawa ya upande wa magadi, haiyeyushi mwamba huo. Yenyewe huelekea kukosea upande wa pili, ikihesabu pungufu kidogo kile ambacho mwamba utatoa baadaye. Kwa shamba lako ningeamua kwa Olsen.

Olsen nayo ina pa kukosea. Dawa iliyokaa wazi hupoteza hewa ya ukaa, pH yake ikapanda juu ya 8.5, na matokeo yakahama. Itengenezwe upya mara kwa mara na pH yake ipimwe siku ya kazi. Joto la chumba likipanda digrii moja, fosforasi huongezeka takriban miligramu 0.4 kwa kilo, hivyo maabara isiyodhibiti joto inaweza kukupa 9 asubuhi na 11 alasiri. Udongo wenye mboji nyingi hutoa maji ya rangi ya chai, na kwa kuwa fosforasi husomwa kwa ukali wa rangi ya buluu kwenye spektrofotomita (mashine ya kupima mwanga unaopita kwenye rangi), karibu nanomita 882, rangi hiyo ya chai isiposafishwa kwa mkaa usio na fosforasi inaweza kupandisha namba. Na vyombo vilivyooshwa kwa sabuni yenye fosfati ni balaa. Viloweshwe kwenye asidi ya haidrokloriki iliyozimuliwa, kisha visuuzwe kwa maji yaliyotoneshwa.

Ukitaka kuipima maabara yenyewe, gawa sampuli moja mara mbili, ipe majina tofauti, zipeleke zote hapo hapo. Fosforasi ikipishana zaidi ya asilimia 20, waombe warudie.

Kuhusu ununuzi: usiruke fosforasi. Mfuko wa DAP wa kilo 50 una kilo 23 za P2O5, sawa na kilo 10 za fosforasi. Tani moja ya punje za mahindi huondoka na takriban kilo 3. Mfuko mmoja kwa ekari unarudisha kinachovunwa na kubakiza akiba, na kwa hali yako sioni sababu ya kuweka miwili. Chokaa iache kwanza. Kwa pH ya maji 5.7 alumini yenye sumu kwa kawaida ni kidogo. Kama una wasiwasi, omba kipimo cha alumini inayobadilishwa (ile iliyoshikwa na chembe za udongo), kinachotumia ile ile kloridi ya potasiamu. Isitoshe, chokaa kabla ya viazi hukaribisha ugonjwa wa upele kwenye ngozi ya kiazi. Ikibidi kuweka, weka msimu wa mahindi.

Safari ijayo andika kwenye fomu: “pH kwa maji 1:2.5 (udongo kwa maji), fosforasi kwa Olsen, majibu kwa miligramu za P kwa kilo.” Chukua udongo kabla ya mbolea, mwezi ule ule kila mwaka, kina cha sentimita 0 hadi 20, vituo 15 hadi 20 kwa zigizaga, ukikwepa vichuguu, kingo za barabara na palipochomwa takataka. Anika kivulini, si juani wala jikoni. Na toboa katikati ya mistari, usiguse mashimo ya msimu uliopita: kijiko kimoja cha udongo kilichobeba punje za mbolea kinatosha kupotosha ndoo nzima.