Re: Mwili wa Sir John Eliot

Ndugu, umeuliza kama ni kweli Mfalme Charles I wa Uingereza alikataa kutoa maiti ya mbunge Sir John Eliot ikazikwe kwao Cornwall. Ni kweli, na kisa hiki huniuma kila nikikikumbuka.

Eliot alizaliwa 1592 katika familia yenye ardhi. Alipanda cheo kwa mkono wa Buckingham, kipenzi cha mfalme, lakini 1626 akawa mstari wa mbele bungeni kumshtaki. Ule ulikuwa ujasiri hasa.

Siku iliyomtia kifungoni ni 2 Machi 1629. Charles I ameagiza Bunge liahirishwe. Spika Finch anataka kuinuka. Wabunge Holles na Valentine wanamkandamiza kitini, analia, mlango umefungwa kwa ufunguo, mpaka maazimio ya Eliot ya kupinga ushuru usioidhinishwa na Bunge yapite.

Eliot akatupwa gerezani katika Mnara wa London na kutozwa faini ya pauni 2,000. Angekiri kosa angeachiwa, hakukiri. Kifua kikuu kikammaliza Novemba 1632, akiwa na miaka 40. Mwanawe alipoomba mwili, mfalme alijibu kwa kuandika kwenye barua ileile ya maombi: azikwe katika kanisa la parokia alikofia. Akazikwa humohumo Mnarani.